Kamio ya kubeba kifaru, na barabara ya kwetu

Leo siandiki juu ya bourse wala juu ya mitihani. Nalipa deni.

Kwenye mkutano wetu uliopita mdogo wetu mmoja alipitisha simu yake mkono kwa mkono. Ilikuwa video ya kamio ya jeshi la Marekani, ndefu kama nyumba tatu, imebeba kifaru mgongoni na inapanda mlima bila kulia. Akauliza: "Sasa juu ya nini huku kwetu habaletake ile? Ingetoka Goma asubui, magaribi iko Walikale." Watu wakacheka. Mimi niliyesomea historia nikaambiwa nijibu. Jibu lenyewe njo hili, na si fupi.

Kifaru cha kwanza nilichokiona kwa macho yangu kilikuwa kaskazini ya Goma, mwaka 2013, wakati wa mapigano ya upande wa Kibati. Nilikuwa mtoto. (Kilikuwa cha nani, kilimpiga nani, hayo tuyaache, ukurasa huu tunausoma watu wa pande zote.) Kilikuja kwa minyororo yake mwenyewe juu ya lami. Kilipogeuka kidogo tu, lami ikachunika kama ngozi ya muhogo. Kesho yake tulienda kuweka miguu ndani ya zile alama.

Kumbe hiyo njo sababu ya kwanza ya kamio hizi kuwepo. Kifaru kikisimama hakilemei ardhi sana, maana mnyororo wake mpana unagawa uzito. Shida ni kutembea. Kinachuna barabara, kinakunywa mafuta, na mnyororo na injini vinachakaa kabla hata ya kufika vitani. Katika vita vya kwanza vya dunia vifaru vilisafirishwa kwa treni, kisha vikajikokota mwendo wa mtu kwa miguu. Treni inafika pale reli inapofika tu. Kwa hiyo kati ya vita viwili Waingereza walianza kujaribu kamio za Scammell. Vita vya jangwani, Libya na Misri, vilipowaka, walienda kuomba Marekani, kwa kiwanda cha Diamond T cha Chicago. Kuanzia 1941 kiwanda hicho kilitoa kamio yenye injini ya dizeli ya nguvu farasi kama 200, inayovuta remoroke ya magurudumu 24. Hesabu hiyo ya magurudumu muishike kichwani, nitairudilia.

Baada ya vita vifaru vikanenepa. Centurion ya Waingereza ilifika toni 50. Hapo kukaja kamio ninayoipenda kuliko zote, Thornycroft Mighty Antar. Haikuzaliwa jeshini hata kidogo! Ilitengenezwa mwisho wa miaka ya 1940 kwa kubeba mabomba ya mafuta katika jangwa la Iraki, na jeshi likaiona na kuitamani. Injini yake ina ukoo wa ajabu. Babu yake ni Merlin, injini ya ndege ya vita Spitfire. Merlin ikarekebishwa ikawa Meteor, injini ya kifaru. Meteor ikapunguzwa silinda 4, kutoka 12 hadi 8, ikawa Meteorite na kuingia ndani ya kamio. Yaani ndege ikazaa kifaru, kifaru kikazaa kamio ya kukibeba. Wasovyeti walifanya karibu vilevile: MAZ-537, iliyotoka mwisho wa miaka ya 1950 na magurudumu 8 yote yakivuta, injini yake ni ya ukoo wa injini za vifaru vyao. Ile ya video ya mdogo wetu ni Oshkosh M1070, ya miaka ya 1990, kwa ajili ya kifaru Abrams cha toni zaidi ya 60. Remoroke yake peke yake iko na matairi 40.

Kutoka 24 hadi 40. Juu ya nini? Kati ya 1958 na 1960, kule Illinois, Wamarekani walijenga barabara za majaribio na kupitisha malori juu yake usiku na mchana ili waone jinsi zinavyokufa. Waligundua kwamba uzito juu ya ekseli moja ukiongezeka mara 2, uharibifu unaongezeka karibu mara 16. Matairi 40 hayakuwekwa kwa urembo. Ni njia ya kuiomba barabara msamaha. Lakini ili uombe msamaha, lazima barabara iwepo kwanza. Na daraja je? Matairi yanagawa uzito juu ya lami, ila daraja linabeba karibu mzigo wote kwa mara moja. Chukua MAZ, remoroke yake, na kifaru T-55 cha toni 36 juu: jumla inapita toni 70. Sasa jaribu kuyafikiria madaraja ya mbao mliyovuka kutoka Masisi mkielekea Walikale, yale ambayo abiria wa taksi-moto anashuka na kuvuka kwa miguu.

Mzigo mzito wa jeshi uliwahi kupita Kongo yetu, na historia hiyo wachache tunafundishwa. Mwaka 1915 Waingereza walitaka kuwanyang'anya Wajerumani ziwa Tanganyika. Walileta mashua mbili za vita, Mimi na Toutou, kila moja ikiwa na urefu wa mita kama 12. Zilitoka Uingereza kwa meli hadi Cape Town, kisha kwa treni hadi Fungurume, Katanga. Hapo reli iliisha. Mbele kulikuwa na kilomita zaidi ya 200 za pori na milima ya Mitumba hadi Sankisia, ambako reli ilianza tena. Walizifunga juu ya magari ya kukokotwa na kuzivuta kwa trakta mbili za mvuke, zinazokula kuni na kunywa maji. Walijenga madaraja zaidi ya 100 kwa miti iliyokatwa palepale. Ng'ombe nao walifungwa kusaidia kuvuta. Na trakta zilipokauka, wanawake wa vijiji waliitwa, wakabeba maji kwa kichwa kuzinywesha. Ilichukua karibu wiki 6. Tarehe 26 Desemba 1915 mashua hizo ziliteka meli ya Kijerumani Kingani, na kamanda Spicer-Simson akaingia vitabuni. Majina ya wale mama hayakuandikwa.

Katika vita vya pili, wakati Diamond T inavuta vifaru, Mwingereza mmoja, Donald Bailey, alichora daraja la vipande vya chuma, linalofungwa kama mchezo wa watoto. Kipande kimoja kina uzito wa kilo kama 260, watu 6 wanakibeba. Madaraja ya ukoo huo yanafungwa Kongo hadi leo, mengi mnayajua. Yaani vita ileile ilizaa kamio na daraja. Sisi tulipata daraja, tena moja moja.

Huku kwetu mzigo ulitafuta njia zake. Walikale, kasiteriti ya Bisie ilitoka mgodini mgongoni mwa vijana, gunia la kilo 50, siku mbili ndani ya msitu. Ilipofika Kilambo, ndege ndogo zilikuwa zinatua juu ya barabara yenyewe, kwenye kipande cha lami, na kuipeleka Goma. Wenzetu kule walijenga kamio kwa injini ya ndege. Sisi tuligeuza barabara kuwa uwanja wa ndege, juu kamio haikuweza kufika. Masisi nako chukudu za mbao njo zilishusha viazi na makala mpaka mjini.

Papa mudogo alikuwa konvoyere, kisha shofere wa Fuso ya magurudumu 6. Mwaka 2016 alipakia maharagi ya familia yetu Nyabiondo, kwenda kuyauza Goma. Pesa ile ilikuwa minerivali yangu ya mwaka wa kwanza. Kabla ya Masisi-centre Fuso ikazama ndani ya mutope hadi ekseli. Walichimba, wakalaza miti, wakachimba tena. Siku 9. Siku ya kumi mvua ilikuwa imepita turubai, na maharagi yalikuwa yameanza kuota ndani ya magunia, majani madogo ya kijani yanachungulia kwenye nyuzi. Wafanyabiashara wa Goma waliyakataa. Mwaka ule sikusoma. Nilikaa nyumbani nikachunga ng'ombe za watu, na niliporudi chuoni wenzangu walikuwa wamenitangulia. Baadhi yao wanasoma hapa, watakumbuka.

Kwa hiyo, mdogo wangu mwenye simu, kamio ile ikishushwa Goma leo itafika Sake salama. Mlimani, kuelekea Mushaki, itaanza kutafuta njia. Kwenye daraja la kwanza la mbao itabaki hapo, na sisi tutaenda kuitembelea siku ya Mungu na kupiga picha.

Kabla ya kuandika nilimwonyesha papa mudogo ile video. Aliitazama bila kusema kitu, akairudisha nyuma, akahesabu matairi ya remoroke mara mbili kwa kidole. Kisha akauliza: "Na moja iko bei gani?"