Biashara United Mara

Biashara United Mara ni klabu ya soka ya Musoma, makao makuu ya Mkoa wa Mara, inayokumbukwa zaidi kwa misimu 4 mfululizo ya Ligi Kuu Tanzania Bara, 2018/19 hadi 2021/22. Awali ilijulikana kama Polisi Mara. Uwanja wake wa nyumbani ni Karume, Musoma. Jina la utani, Wanajeshi wa Mpakani, linaelekeza kwenye mpaka wa Kenya, ambao kwa Mara una lango lake Sirari, wilayani Tarime. Kwa mashabiki wa Tarime na Serengeti, hii ndiyo ilikuwa timu ya mkoa.

Msimu wa 2020/21 ilimaliza ya 4, nyuma ya Simba, Yanga na Azam, ikakata tiketi ya Kombe la Shirikisho Afrika. Iliitoa Dikhil ya Djibouti, kisha Oktoba 2021 ikaichapa Al Ahli Tripoli ya Libya 2-0 jijini Dar es Salaam. Mechi ya marudiano ilipangwa Benghazi. Timu haikufika, kwa matatizo ya usafiri, na ikaondolewa mashindanoni. Kutolewa ukiwa na mtaji wa mabao 2 mkononi, bila mpira kupigwa, ni pigo zito kuliko kipigo chochote cha uwanjani.

Msimu huohuo wa 2021/22 ilishuka daraja pamoja na Mbeya Kwanza. Mwaka 2024 ilifika mchujo wa kurejea Ligi Kuu, ikakwamishwa na Tabora United.