Neno la Wiki: Mshipa, kano, utando

Kidole cha pete kikijikunja kiganjani kisinyooke, utasikia: "Mshipa umekaza." Maskini mshipa, kila lawama ni yake! Mshipa hupitisha damu. Kamba inayoshika msuli kwenye mfupa ni kano. Na hapa hata kano haina hatia: kilichonenepa na kuvuta kidole ni utando wa chini ya ngozi ya kiganja, neno litokanalo na kutanda, kama wa buibui. Mfaransa Guillaume Dupuytren aliupasua mwaka 1831, ugonjwa ukabeba jina lake. Basi daktari akisema atakata utando, usitangaze mtaani kwamba babu anakatwa mshipa. Wala kidole hicho hakijapooza. Ngumi kinakunja vizuri, kinachokishinda ni kunyooka.