Karema: Ngome ya Ziwa Tanganyika iliyogeuka makao ya maaskofu

Kusini mwa Minago, katika mji wa Rumonge nchini Burundi, Wamisionari wa Afrika, maarufu kama Mapadri Weupe, walifungua misheni mwaka 1879. Haikudumu. Tarehe 4 Mei 1881 mapadri Deniaud na Augier pamoja na msaidizi wao D'Hoop waliuawa kufuatia mgogoro juu ya mtoto aliyekuwa akilelewa misheni. Waliosalia wakaondoka.

Mwaka 1885 wamisionari hao walikabidhiwa ngome ya Karema, kwenye ufuko wa mashariki, katika Tanzania ya leo. Ilikuwa imeanzishwa mwaka 1879 na Kapteni Cambier, kwa niaba ya jumuiya iliyoongozwa na Mfalme Leopold II wa Ubelgiji. Karema ikawa makao ya maaskofu, akiwemo Adolphe Lechaptois, aliyeongoza vikarieti ya Tanganyika tangu 1891 hadi alipofariki mwaka 1917. Watu waliokombolewa utumwani nao walipata hifadhi hapo.

Askofu kuishi ndani ya ngome si jambo lililoanzia Afrika. Huko Winchester, Uingereza, Askofu Henry wa Blois aliijengea ikulu yake ya Wolvesey kuta na minara katika karne ya 12. Leo ni magofu.

Karema ilijengwa karibu na maji. Lakini mto Lukuga ulipofunguka mwishoni mwa miaka ya 1870, kina cha ziwa kilishuka, na ufuko ukasogea mbali na ngome.