Goma: Nani Anamfunda Kijana?

Zamani kazi ya kumfunda kijana ilikuwa na wenyewe. Wanande wa Beni na Lubero, Kivu Kaskazini, ambao leo ndio wenye maduka mengi ya Goma, walipeleka wavulana porini kwa olusumba, yaani jando. Huko walitahiriwa na kuzoezwa kuvumilia maumivu bila kulia. Masomo mengine yalitolewa jioni kwenye kyaghanda, baraza la ukoo, wazee wakiuzunguka moto. Katika familia zinazozungumza Kinyarwanda, binti aliyevunja ungo alikuwa mwanafunzi wa shangazi, dada wa baba. Mama alikaa kimya, kwani ilikuwa aibu kuyataja mambo ya mwili mbele ya mwanawe. Tusiwapambe wazee, hata hivyo: shangazi alimwandaa binti kwa ndoa ambayo ndani yake "sitaki" haikusikilizwa. Ila alikuwa na muda, na alimjua vizuri huyo aliyemfunda.

Wamisionari waliziita desturi hizo ushenzi, wakaleta katekisimu. Rais Mobutu alitaifisha shule mwaka 1974, kisha mkataba wa 1977 ukayarudishia makanisa uendeshaji wa shule hizo. Ndiyo maana mpaka leo, katika shule nyingi, mafundisho ya mwili wa kijana hayampiti padri wala mchungaji.

Ikaja SIDA, yaani UKIMWI. Mwaka 1987 mwanamuziki Franco aliimba "Attention na SIDA", na kizazi kizima kikaanza kuujua mwili kwa njia ya kifo. Baadaye wakaja wakimbizi wa Rwanda wa 1994, kipindupindu, vita vya 1996 na 1998. Hospitali ya HEAL Africa, hapa Goma, ikawapokea wanawake waliobakwa vitani, wengine wakihitaji upasuaji wa fistula.

Sheria nazo zilikuja. Ile ya Julai 2006 ilikaza adhabu za ubakaji. Kanuni ya Familia ya 1987 ilimruhusu msichana kuolewa akiwa na miaka 15, mvulana akisubiri 18. Marekebisho ya 2016 yakawasawazisha, wote 18.

Basi kijana wa Goma amefundishwa dhambi, akafundishwa ugonjwa, akafundishwa ubakaji. Kupenda, kuomba ridhaa na kukubali kukataliwa hakufundishwa na yeyote. Shirika la Living Peace, hapa hapa Goma, huwakusanya wanaume wazungumze jeuri ya nyumbani. Kazi njema, lakini hao wameshaoa, na wake zao wameshaumia. Wazazi, mvulana wa miaka 12 aambiwe sasa kwamba msichana akisema hapana, ni hapana.