Tin Pan Alley: Sinema ya Watunzi wa Nyimbo na Mtaa Uliowalea

Aliyepita katika mtaa wa 28 wa upande wa magharibi, mjini New York, baina ya njia ya tano na ya sita, katika miaka ile ya mwisho wa karne ya kumi na tisa, wakati wa joto madirisha yanapoachwa wazi, alisikia piano nyingi zikipigwa kwa pamoja, kila moja na wimbo wake, katika vyumba vilivyopakana ukuta kwa ukuta. Na ghasia ile ndiyo, kwa mapokezi ya wazee wa kazi hiyo, iliyomfanya mwandishi wa magazeti Monroe Rosenfeld aifananishe na kishindo cha masufuria ya bati, mtaa ukapata jina la Tin Pan Alley, yaani kichochoro cha masufuria ya bati.

Bidhaa ya mtaa huo ilikuwa karatasi. Kabla santuri na redio hazijaenea, wimbo uliuzwa kwa kupigwa chapa, maneno na noti zake pamoja, ukanunuliwa na watu waliokuwa na piano sebuleni. Na tangu Charles K. Harris alipoutoa wimbo wake After the Ball mwaka 1892, akauza mamilioni ya nakala, wachapaji wa nyimbo walitambua kuwa katika kurasa chache mna riziki ya maisha. Lakini karatasi iliyonyamaza dukani hainunuliwi, na kwa hiyo wakaajiriwa vijana ambao sisi hatuna jina la kuwapa lililo bora kuliko wapiga debe, nalo lawafaa mno watu wa mtaa ulioitwa kwa bati: kazi yao kupiga piano kutwa mbele ya waimbaji waliokuja kutafuta wimbo mpya, ili wimbo huo uimbwe hadharani na wasikilizaji waurudie nyumbani. George Gershwin aliingia kazi hiyo mwaka 1914, umri wake miaka 15 na ujira wake dola 15 kwa juma. Irving Berlin, aliyemtangulia, alikuwa mtumishi wa mkahawa akiwaimbia wateja huku akiwahudumia, na wimbo wake wa kwanza kupigwa chapa, wa mwaka 1907, ulimpatia senti 37 tu.

Dunia hiyo ndiyo iliyofufuliwa na kampuni ya Twentieth Century-Fox mwezi wa Novemba 1940, katika sinema iliyouchukua mtaa kwa jina lake, chini ya uongozi wa Walter Lang. Jack Oakie na John Payne ni watunzi na wachapaji wawili, Calhoun na Harrigan, wenye bidii nyingi na fedha haba; Alice Faye na Betty Grable ni ndugu wawili waimbaji, Katie na Lily, ambao mapenzi na biashara vinawaunganisha na mabwana hao, kisha vinawatenga, hata Vita Vikuu vya Kwanza vinawakutanisha tena London. Kisa ni chepesi, wala simlaumu mtu asemaye kuwa mwisho wake wajulikana tangu mwanzo. Hata hivyo pana tukio moja lenye kweli chungu: Harrigan anamwahidi Katie wimbo, halafu anamnyang'anya na kumpa Nora Bayes, mwimbaji aliyekuwa mashuhuri kweli zama hizo. Mtazamaji asiyeijua biashara ataona hapo hila ya mpenzi tu. Lakini aijuaye atakumbuka kwamba picha ya mwimbaji mwenye jina ilipigwa chapa juu ya jalada la wimbo, na jalada ndilo lililouza, hivyo kijana yule, akiwa na deni shingoni, alikuwa akipima mapenzi yake kwa hesabu ya nakala.

Nami sitapita bila ya kuwataja Fayard na Harold Nicholas, ndugu wawili Wamarekani Weusi, wanaotokea katika ngoma ya The Sheik of Araby wakaruka na kutua kwa wepesi ambao mpaka leo haujapata mfano. (Wimbo wenyewe ulitungwa mwaka 1921, ilhali kisa ni cha zama za vita, watengenezaji hawakujali.) Hawakupewa jina katika kisa wala neno la kusema. Huo ndio uliokuwa utaratibu wa Hollywood: ngoma za wasanii weusi ziliwekwa kando ya kisa, ili majumba ya sinema ya majimbo ya Kusini yaliyotaka kuzikata yazikate bila ya hadithi kukatika. Inaniuma kwamba dakika zilizo bora kabisa katika sinema nzima ndizo zilizoandaliwa ziweze kutupwa.

Nyimbo karibu zote humo ni za kale, ila mmoja mpya, You Say the Sweetest Things, Baby, wa Harry Warren na Mack Gordon. Warren, mzaliwa wa Brooklyn wa wazazi Waitalia, alikuwa zamani akipiga debe la nyimbo huko huko New York, kabla sinema zenye sauti hazijawavuta watunzi kwenda California. Kwa hiyo aliyeutia wimbo ule katika sinema alikuwa akiyatungia maisha yake mwenyewe ya ujana, huko Hollywood, mji ulioyamaliza maisha hayo.

Usiku wa tarehe 27 Februari 1941 Alfred Newman alitunukiwa Oscar kwa muziki wa sinema hiyo. Lakini wakati huo nyimbo za namna hiyo zilikuwa hazisikiki sana redioni: tangu siku ya mwaka mpya, kwa mzozo wa malipo baina ya vituo vya redio na ASCAP, chama cha watunzi kilichoasisiwa mwaka 1914, mitandao mikubwa ya redio ya Marekani ilikuwa imeacha kupiga nyimbo za wanachama wake, Warren na Gordon na Berlin wakiwemo, na kimya hicho kilidumu takriban miezi kumi. Wasikilizaji walipewa badala yake nyimbo za Stephen Foster, aliyefariki mwaka 1864, kwa kuwa hizo hazikuwa na mtu wa kuzidai.