Yu Macho, Ila Hajitambui: Istilahi za Fahamu na Maradhi Yake

Neno fahamu limebebeshwa kazi nyingi mno. Likiwa kitenzi, kufahamu ni kuelewa, ni kujua, na kwa wazee wa pwani ni kukumbuka pia. Likiwa nomino, tunalikuta shuleni katika milango mitano ya fahamu, hospitalini katika mishipa ya fahamu, na magazetini katika habari za abiria waliopoteza fahamu baada ya basi kupinduka. Hapo mwisho ndipo penye utata. Mwanafunzi aliyeanguka gwarideni kwa jua na njaa, akainuka baada ya dakika moja, alipoteza fahamu. Mama aliyepewa nusukaputi ili afanyiwe upasuaji amepoteza fahamu. Mtoto ambaye malaria imempanda kichwani, kijana wa bodaboda aliyepasuka fuvu na sasa ni wiki ya pili hajafumbua macho, mzee aliyepigwa na kiharusi ambaye kila asubuhi hufumbua macho asijue ni nani amesimama mbele yake: wote hao, kwa Kiswahili chetu cha kila siku, wamepoteza fahamu. Katika mazungumzo ya barazani hakuna ubaya. Kwa tabibu, kwa mfasiri wa fomu za hospitali, na kwa ndugu wanaotakiwa kutia saini fomu hizo, ubaya upo, kwa kuwa hali hizo zina sababu mbalimbali, tiba mbalimbali na matumaini mbalimbali. Ninachodai ni kwamba fahamu libaki kuwa jina la jumla, lakini chini yake tutenge mambo mawili ambayo Kiswahili kina maneno yake tayari: kuwa macho na kujitambua.

Utengano huu haukuzushwa na watu wa lugha. Mwaka 1949 Giuseppe Moruzzi na Horace Magoun walionyesha kwamba ukichochea kwa umeme sehemu ya ndani ya shina la ubongo wa paka, mawimbi ya umeme yanayopimwa juu ya ubongo hubadilika yakawa ya mnyama aliyeamka. Shina hilo, kipande cha urefu wa kidole hivi kinachounganisha ubongo na uti wa mgongo, ndilo linaloendesha pumzi na ndilo linalotuamsha. Kazi ya kuona kwamba huyu ni mama na ile ni sauti ya adhana, na kwamba mimi ndiye ninayesikia, huhitaji gamba la ubongo, thalamasi na nyuzi zinazoviunganisha. Redio inaweza kuwashwa, taa yake ikawaka, na bado isishike stesheni yoyote; ndivyo ubongo unavyoweza kuamka bila kumtambua mtu wala jambo. Na hili si la nadharia tu. Moyo ukisimama kwa dakika kadhaa kabla ya kurudishwa, gamba la ubongo huathirika na ukosefu wa oksijeni mapema kuliko shina. Mgonjwa akipona nusu namna hiyo, shina lake hufanya kazi na gamba lake halifanyi. Atapumua mwenyewe, atalala na kuamka, atasaga meno, pengine atatokwa na machozi, na mkono wake utafumbata kidole ulichoweka kiganjani. Ukimwita, hakuna.

Hali hiyo ilipewa jina mwaka 1972 na Bryan Jennett, daktari wa upasuaji wa ubongo wa Glasgow, pamoja na Fred Plum wa New York, katika makala iliyotoka kwenye jarida la Lancet. Walichagua neno la Kiingereza lenye asili ya Kilatini linalohusu uhai wa kukua na kujiendesha tu, uhai usio na hisia wala fikra. Kwa wasomi wa Ulaya neno hilo lilikuwa na historia ndefu ya kifalsafa, na waandishi wenyewe hawakukusudia tusi. Lakini masikio ya watu hayakusikia falsafa, yalisikia mboga. Mfasiri wa Kiswahili anayelifuata neno kwa neno huangukia hali ya mmea au hali ya uoto, na hapo hupoteza hata ile historia iliyokuwa ikilitetea neno la awali. Mke anayeambiwa na daktari kwamba mumewe yuko katika hali ya mmea hajaelezwa chochote kuhusu ubongo wa mumewe, ila ameambiwa kwamba mumewe si mtu tena. Wataalamu wenyewe wameliona tatizo hilo: mwaka 2010 kikundi cha Ulaya kilichoongozwa na Steven Laureys wa Liège, Ubelgiji, kilipendekeza jina jingine linaloeleza kile tu kinachoonekana kitandani, kwamba mgonjwa yu macho na haitikii. Kwa bahati njema, jina hilo jipya linakaa vizuri zaidi kwetu kuliko kwa waliolitunga. Tukisema hali ya kuwa macho bila kuitikia, kila neno ni la nyumbani. Kuwa macho kwetu ni kutolala, na macho yenyewe yamo ndani ya usemi. Kuitikia ni jambo ambalo mtoto wa Kiswahili hufunzwa mapema, tangu anapoitwa na kutakiwa aseme abee au naam.

Koma ni suala jepesi zaidi. Neno limeshaingia, waandishi wa habari wanalitumia, na sioni haja ya kulifukuza, mradi libaki na maana yake: macho yamefumba, mgonjwa haamshiki kwa sauti wala kwa maumivu, na hakuna mzunguko wa kulala na kuamka. Kwa kawaida koma haidumu zaidi ya wiki chache. Mgonjwa hufa, huzinduka, au hufumbua macho akaingia katika hali nyingine. Kwa hiyo habari ya mtu aliyekaa miaka kumi katika koma, mara nyingi, ni habari ya mtu ambaye huwa macho kila siku.

Anayedhani mgawanyo huu ni anasa ya maabara za ng'ambo na atazame karatasi iliyoko miguuni mwa kitanda cha mgonjwa. Kipimo cha Glasgow, kilichotungwa na Graham Teasdale na Jennett huyohuyo mwaka 1974, hakiulizi kama mgonjwa ana fahamu au hana. Kinahesabu mambo matatu mbali mbali: macho alama 4, maneno 5, mwendo wa viungo 6, jumla 15, na chini kabisa ni 3. Kwa watoto wadogo wasioweza kusema kipimo hicho kilikuwa na walakini, na waliokirekebisha walikuwa jirani zetu. Mwaka 1989 madaktari waliokuwa wakitibu malaria ya ubongo mjini Blantyre, Malawi, Malcolm Molyneux na Terrie Taylor miongoni mwao, walichapisha kipimo chenye alama 5 tu. Muuguzi hubonyeza kucha ya kidole gumba cha mtoto kwa penseli iliyolazwa, au husugua mfupa wa kifua kwa vifundo vya vidole. Mtoto akipeleka mkono panapouma hupata alama 2, akivuta tu kiungo hupata 1. Akilia kilio cha mtoto aliyeumizwa hupata 2, akigumia hupata 1. Halafu hutazamwa macho, ambayo yana alama moja pekee: je, yanafuata uso wa mama? Kufumbua tu hakuhesabiwi. Alama hiyo moja inapima kujitambua na mazingira, haipimi kuwa macho. Jumla ikiwa 2 au chini ya hapo, mtoto huyo yumo katika koma. Kwa maneno mengine, mganga wa zahanati anayekijua kipimo hiki hutenganisha mambo hayo mawili kila anapomsimamia mgonjwa, hata kama fomu yake ina neno moja tu la kuyataja.

Ushahidi mzito zaidi unatoka upande wa pili, kwa watu wanaojitambua na hawawezi kutuonyesha. Jean-Dominique Bauby, mhariri wa jarida la Elle nchini Ufaransa, alipigwa na kiharusi cha shina la ubongo Desemba 1995. Alipozinduka, akili yake ilikuwa timamu na mwili mzima haukumtii, isipokuwa ukope wa jicho la kushoto. Kwa ukope huo alichagua herufi moja moja zilizokuwa zikisomwa mbele yake, akaandika kitabu kilichotoka mwaka 1997. Plum na Jerome Posner walikuwa wameshaipa hali hiyo jina tangu mwaka 1966. Kwetu inatosha kuiita hali ya kufungiwa mwilini. Bauby alibahatika kuwa na ukope. Mwaka 2006 Adrian Owen na wenzake walieleza katika jarida la Science habari za mwanamke wa miaka 23 aliyeumia katika ajali ya barabarani, ambaye kwa vipimo vya kawaida alikuwa macho bila kuitikia. Walimwingiza katika mashine ya MRI wakamwambia afikirie anacheza tenisi, kisha afikirie anatembea katika vyumba vya nyumbani kwao. Sehemu za ubongo zilizofanya kazi zilikuwa zilezile za watu wazima wa afya waliopewa agizo hilo. Wapo waliosema kwamba huenda neno tenisi liliuchokoza ubongo wenyewe bila mtu kukusudia chochote. Pingamizi hilo lilikuwa la haki, na lilijibiwa mwaka 2010, pale mgonjwa mwingine alipotumia tenisi kuwa ndiyo na nyumba kuwa hapana, akajibu sawasawa maswali matano kati ya sita juu ya maisha yake, likiwemo jina la baba yake. Ubongo uliochokozwa tu na neno haujibu swali.

Kati ya ncha hizo mbili wapo wengi zaidi: wanaojitambua kwa kiasi kidogo, leo wakaitikia, kesho wasiitikie. Kundi hili lilipata jina na vigezo mwaka 2002 kwa kazi ya Joseph Giacino na wenzake, na linakosewa mno. Katika utafiti uliochapishwa mwaka 2009, wagonjwa 44 waliokuwa wamekubaliwa na timu zao kwamba hawajitambui kabisa walipimwa upya kwa kipimo makini zaidi. 18 kati yao walikuwa wakijitambua kidogo. Moja ya hila za kipimo hicho ni kioo cha mkononi kinachopitishwa polepole mbele ya uso. Wagonjwa ambao macho yao hayafuati kalamu wala tochi, mara nyingine hufuata sura yao wenyewe.

Pingamizi la kwanza dhidi ya istilahi ninazozitetea ni kwamba madaktari wetu huandika kwa Kiingereza, hivyo Kiswahili hakina cha kuongeza. Lakini jalada si mahali pekee ambapo ugonjwa hutajwa. Anayekaa na mgonjwa usiku, anayemgeuza asipate vidonda, anayegundua kwamba jana alifuata sauti ya mwanawe, ni ndugu, na ndugu huyo huulizwa kwa Kiswahili. Ukimwuliza kama mgonjwa amepata fahamu, atajibu ndiyo au hapana. Ukimwuliza kama yu macho, kisha ukamwuliza kama anajitambua, atakupa habari mbili. Pingamizi la pili ni zito kidogo: kujitambua kumeshachukuliwa na vijana, ambao husema fulani hajitambui wakimaanisha hajui thamani yake au hana adabu ya umri wake. Isitoshe, ile ji ya katikati inaelekeza kwenye nafsi, ilhali tunachotafuta ni pamoja na kuwatambua wengine. Wako wanaopendelea utambuzi, ambalo hata hivyo wanasaikolojia hulitumia kwa shughuli zote za akili, na wako wanaopendelea ung'amuzi, lililozoeleka katika uhakiki wa fasihi na si wodini. Mimi nabaki na kujitambua kwa sababu moja: mgonjwa wetu ni mahututi, hajitambui, ni sentensi ambayo familia husema pasipo kufundishwa na mtu. Mazingira ya wodi huondoa ile maana ya vijiweni, kama vile maana ya mshipi wa kiunoni haichanganyiki na ya mshipi wa kuvulia samaki.

Pingamizi gumu ni la tatu, na linatokana na ushahidi wenyewe. Mwaka 2024 jarida la New England Journal of Medicine lilichapisha utafiti wa nchi kadhaa: kati ya wagonjwa 241 ambao hawakuonyesha kuitikia agizo lolote, 60, yaani robo yao, ubongo wao ulitii agizo ulipopimwa kwa MRI au kwa mawimbi ya umeme. Kama ndivyo, kusema hajitambui ni kudai kujua kisichojulikana. Nakubali, na ndiyo maana jina la ugonjwa halifai kuwa na neno kujitambua ndani yake. Liishie kwenye kuitikia, ambako kunaonekana. Kujitambua kubaki kuwa swali, na jibu lake liandikwe kwa kitenzi cha anayepima: hatujaona dalili kwamba anajitambua.

Kifo cha ubongo hakimo katika orodha hii, na ni vyema kisiingizwe kwa mlango wa nyuma. Kamati ya Harvard iliyokifafanua mwaka 1968 ilikiita koma isiyorudi, na mkanganyiko ule bado unatutesa, maana mtu ambaye hata shina la ubongo wake limekufa hayumo katika koma. Amekufa, na kifua kinainuliwa na mashine. Kinachobaki ni sifa tunayoongeza kwenye hali ya kuwa macho bila kuitikia inapochukua muda mrefu. Wamarekani waliafikiana mwaka 1994 waiite ya kudumu baada ya miezi 3 kwa aliyekosa oksijeni na baada ya miezi 12 kwa aliyeumia kichwa. Mwaka 2018 Chuo cha Marekani cha Wataalamu wa Neva kiliiondoa sifa hiyo, kwa kuwa baadhi ya wagonjwa walibadilika baada ya muda huo, kikaweka neno ambalo Kiswahili chake kipo tangu zamani: sugu. Ndilo tunalolitumia kwa kisukari na shinikizo la damu, magonjwa ambayo mtu hukaa nayo miaka na bado ana tarehe ya kurudi kliniki.