Kalenda mbili za omena: historia fupi ya BMU za Migori na Homa Bay

Vitengo vya Usimamizi wa Fuo, ambavyo kila mvuvi huviita BMU, vinaelekea kutimiza miaka 20 tangu kanuni za mwaka 2007 zivipe nguvu ya kisheria nchini Kenya. Katika fuo za Ziwa Victoria huko Migori na Homa Bay, kuanzia Muhuru na Sori hadi Sindo, Mbita na Kendu Bay, kumbukumbu hiyo ina haki ya kusherehekewa. Zamani usimamizi wa ziwa ulikuwa kazi ya serikali, na mvuvi alikuwa mtu wa kukaguliwa tu. Kanuni zile ziliwaweka mwenye mashua, baharia na mama mchuuzi katika mkutano mmoja, wakachagua kamati na kuandikisha vyombo vyao wenyewe. Hata hivyo BMU haikukuta ufuo usio na utaratibu. Ilikuta taasisi kongwe kuliko yenyewe, nayo ni kalenda ya mwezi, na naamini sehemu kubwa ya shida zake imetokana na kukabidhiwa kalenda nyingine ya kulinda.

Omena, dagaa wa ziwa hilo, huvuliwa gizani. Mashua hutoka jioni, taa zikaachwa zielee juu ya maji, zamani karabai na siku hizi nyingi za sola, kisha wavuvi husubiri samaki wapande kuufuata mwanga ndipo wavu uzungushwe. Mwezi unapokaribia kupevuka, taa hupoteza mvuto kwa kuwa ziwa zima limeangaza. Mashua hupandishwa nchi kavu, nyavu hushonwa, mabaharia huenda makwao. Bei ya gorogoro, yaani kopo la kupimia omena, mjini Migori, ndani kabisa katika nchi ya Suna, hupanda bila mfanyabiashara yeyote kutoa tangazo. Wapo wanaosema huo ni udhaifu wa taa tu, wala haumhusu samaki. Lakini watafiti waliokuwa Jinja, Uganda, miaka ya 1950 walionyesha kwamba baadhi ya wale wadudu wa ziwani wanaoruka kama moshi huibuka kwa wingi karibu na mwezi mwandamo, na viluwiluwi vya wadudu hao ni chakula cha omena. Mwezi basi hautawali wavuvi peke yao.

Serikali nayo ina kalenda yake. Sheria hufunga uvuvi wa omena kuanzia Aprili 1 hadi Julai 31 ili samaki wazaane, na BMU ndiyo inayotazamiwa kuisimamia ufuoni. Nia ni njema, na miezi yenyewe haikuokotwa hovyo: Aprili na Mei ni masika, omena walioanikwa kwenye nyavu kuukuu hulowa, na mzigo uliokuwa wa mezani huishia kuwa chakula cha kuku. Tatizo liko kwenye tarehe. Miezi 12 ya mwandamo ina siku 354, hivyo Aprili 1 huangukia awamu tofauti ya mwezi kila mwaka. Mwaka 2025 mwezi ulikuwa umeandama Machi 29, kwa hiyo marufuku iliangukia katikati ya giza, wakati ambao kila mashua ingekuwa majini. Mwaka 2026 mwezi ulipevuka Aprili 2, wakati mashua zingekuwa zimepumzika hata bila sheria. Katika mwaka wa kwanza kamati ya BMU inatakiwa iwazuie majirani waliokwisha nunua mafuta na kukopa kwa wachuuzi. Katika mwaka wa pili haizuii mtu siku hizo. Halafu tunashangaa kwa nini kamati ileile inaonekana kali mwaka huu na legevu mwaka ujao.

Mapendekezo ni mepesi: marufuku ianze kwenye mwezi mpevu ulio karibu zaidi na Aprili 1, na imalizike kwenye mwezi mpevu wa nne baada yake. Wanasheria watasema sheria haiwezi kuwa na tarehe inayohama. Mbona Idd-ul-Fitr ni sikukuu ya taifa na huhama kila mwaka, na ofisi hufungwa vilevile? Tena mwezi mpevu hukokotolewa miaka mingi mbele, hauhitaji hata kuonwa kwa macho. Pingamizi zito zaidi ni la wanasayansi, kwamba omena huzaa mwaka mzima, hivyo kusogeza siku chache mbele au nyuma hakumfaidi samaki. Nakubali. Faida ninayoitetea si ya samaki moja kwa moja, ni ya utii, na pasipo utii samaki hawalindwi na tarehe yoyote. Linabaki suala la ziwa lenyewe: Kenya ina takriban asilimia 6 tu ya eneo lake, na mvuvi wa Muhuru huona taa za Tanzania zikiwaka usiku ambao yeye amekatazwa kuwasha yake. Hilo BMU haiwezi kulimaliza. Ni kazi ya Shirika la Uvuvi la Ziwa Victoria lililoundwa mwaka 1994 na makao yake Jinja, na nchi tatu zinapotafuta tarehe ya pamoja, mwezi ni mmoja kwa zote.